Muulize Bwana Misitu: Chura Asiyelia

Mwezi uliopita niliandika mistari mitatu juu ya chura wa milima ya Ukaguru mwenye jina la Kiswahili, kujazia nafasi baada ya kumaliza maelezo marefu ya kuotesha miche ya mwarobaini. Mhariri kaniletea barua na jumbe za simu zilizojaa bahasha ya kaki. Za mwarobaini, hata moja. Haya, leo ni vyura.

*Shikamoo Bwana Misitu. Mwanangu wa darasa la tano kasoma habari ya huyo churamiti maridadi, sasa hanipi raha. Anauliza kama yupo kweli au umemtunga, nani kampa jina la Kiswahili, na analiaje. Mimi nimezaliwa huku Kibakwe, milima ya Rubeho naiona kila nikitoka nje, lakini vyura ninaowajua ni wa madimbwini. Nimjibu nini? — Mama Neema, Kibakwe, Mpwapwa*

Marahaba, Mama Neema. Mwambie yupo, na sikumtunga. Ningekuwa na kipaji cha kutunga jina kama hilo nisingestaafia kwenye misitu.

Jina lake la kisayansi, lile linaloandikwa kwenye vitabu vya dunia nzima, ni *Churamiti maridadi*. Maneno yote mawili ni yetu. Wataalamu wamezoea Kilatini na Kigiriki, lakini mwaka 2002 Alan Channing na William Stanley walipomtangaza kwa mara ya kwanza, waliona Kiswahili kinatosha. Stanley huyo alikuwa mtu wa makumbusho ya Chicago, na kazi yake hasa haikuwa vyura. Alikuwa mtu wa panya na virukanjia. Miaka mingi alipanda na kushuka milima yetu akitega ndoo ardhini, mpaka mauti yalipomkuta kazini Ethiopia mwaka 2015. Kwa hiyo mwanao akikuuliza nani kampa jina, mwambie mmoja wao ni mfuatilia panya.

Jina lenyewe lina utani kidogo ndani yake. Ukisikia "chura miti" utadhani ni ndugu wa vyura wembamba wenye vidole vya kunata. Sivyo. Kiukoo ni wa wale vyura wakavu, wa mabonge mgongoni, wanaokuja jioni kukaa chini ya taa ya barazani kusubiri wadudu. Huyu ni ndugu yao aliyehamia juu, kwenye majani ya msitu wa mawingu wa Mamiwa-Kisara, milima ya Ukaguru. Na ni adimu mno: kwa miaka mingi dunia nzima ilikuwa na sampuli zake mbili tu. Wanaoandika orodha ya viumbe walio hatarini wamemweka ngazi ya mwisho kabisa kabla ya kutoweka porini.

Sasa hilo la analiaje, mwanao kauliza swali la mtu mzima. Mwaka 2019 watafiti walipanda Ukaguru wakimtafuta huyo maridadi. Hawakumpata. Walichokipata ni chura mwingine, mdogo, wa sentimita mbili na nusu hivi, ambaye hakuna aliyewahi kumwandika. Mwaka 2023 akatangazwa kwa jina la *Hyperolius ukaguruensis*, na mmoja wa waliomtangaza ni Mtanzania wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Chura huyu halii. Dume wa kawaida ana mfuko chini ya koo, anaujaza pumzi, anapiga kelele usiku kucha hadi jike aje. Ndiyo zile ngoma unazozisikia Kibakwe mvua ikinyesha. Wa Ukaguru hana mfuko huo. Badala yake koo la dume limeota vijiba vidogo kama miiba, na watafiti wanadhani jike humtambua kwa kumgusa, kama asiyeona anavyosoma kwa vidole. Nilipoisoma habari hiyo niliweka gazeti chini nikatoka nje.

Nitakwambia kwa nini. Nilifanya kazi upande wenu huo, Mama Neema, pengine tumewahi kupishana kwenye gulio. Msitu wa Mang'alisa nimeulala usiku mwingi kuliko ninavyoweza kuhesabu. Kazi yangu ilikuwa magogo. Nilikuwa na nyundo ya kugongea muhuri, kamba ya kupimia, na daftari la mita za ujazo. Siku moja alikuja kijana mwanafunzi, sitamtaja, akaomba nimpe mtu wa kumsindikiza usiku akatafute vyura. Nilimjibu mbele za watu kwamba chura hana mita za ujazo. Watu walicheka, na mimi nikajiona msemaji.

Lakini kibali alikuwa nacho, ikabidi niende naye mwenyewe pamoja na babu mmoja wa kijijini anayejua njia. Tulifika juu jioni. Ukungu ulikuwa umeingia mitini, mzito kiasi kwamba babu akiwa hatua kumi mbele namsikia simwoni. Mvua hainyeshi, ila hema linadondosha maji. Ndevu za miti, zile za kijivu zinazoning'inia, kila unywele una tone. Niliacha sufuria chini ya mti bila kujali. Asubuhi nilikuta maji ya kutosha kuchemshia chai ya watu watatu, na usiku ule hakikuanguka hata kitone kimoja cha mvua.

Kijana alikuwa anatembea kama mtu aliyedondosha pete. Jani moja, jani la pili, anainua, anatazama chini yake, anarudisha. Mimi nachoka kumtazama. Saa nne kasoro akaniita kwa kidole. Juu ya jani la kangaga, usawa wa goti langu, alikuwa amekaa chura wa ukubwa wa ukucha wa kidole gumba. Nilipomulika niliona koo lake likipanda na kushuka haraka haraka, na kupitia ngozi ya tumbo nikaona kama kivuli cha kitu kinachodunda. Babu akasema, "Hawa wapo siku zote, bwana misitu." Siku zote! Mimi nimepita pale miaka kumi na miwili na buti zangu. Kisha tochi yangu ikazimika, betri zimekwisha, nikarudi hemani nimeshika shati la babu.

Alikuwa wa aina gani, mimi sikuuliza na kijana hakuniambia; nadhani alikuwa bado na hasira nami, na alikuwa na haki.

*Mzee, heshima yako. Mimi ni bodaboda, nipo hapa stendi ya Nzuguni. Huku mtaani maji yanatoka kwa zamu, wewe unatuandikia habari za vyura. Na kule Kihansi si ndiyo tuliambiwa chura kagombana na umeme? Mnyama wa ukubwa wa punje ya haragwe anawasimamishia watu maendeleo. Nieleze vizuri, labda mimi ndiye sielewi. — Dereva, Nzuguni*

Mwanangu, unaelewa vizuri kuliko unavyojidai, maana umeuliza maji na chura katika barua moja.

Nianze na Kihansi kwa sababu inasimuliwa nusu nusu. Kule milima ya Udzungwa mto Kihansi ulikuwa unaporomoka kwenye korongo, na manyunyu ya maporomoko yakalowesha vipande vya majani, vyote pamoja hekta kama mbili. Mwaka 1996, wakati mradi wa umeme umeshaanza, watafiti wakakuta kwenye vipande hivyo chura wa manjano wa sentimita mbili asiyepatikana pengine popote duniani. Bwawa likakamilika, maji mengi yakaingizwa handakini, na korongo likakauka. Mwishoni mwa mwaka 2000 vyura 499 walipakiwa ndege wakapelekwa Marekani, kwenye bustani ya wanyama ya Bronx, New York. Huku nyumbani wakafungiwa mabomba ya kunyunyizia ili kuiga manyunyu. Yalisaidia kwa muda. Halafu mwaka 2003 wakafa ghafla, na ugonjwa wa kuvu wa ngozi ukaonekana kwao. Mwaka 2009 wakatangazwa kuwa wametoweka porini. Mwaka uliofuata wale wa Marekani, yaani wajukuu wa wale 499, wakaanza kurudishwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na mwaka 2012 baadhi wakaachiwa korongoni.

Umeme nao? Mitambo ya Kihansi, megawati 180, ilijengwa na inafanya kazi. Hakuna chura aliyezima taa ya mtu. Anayeogeshwa kwa bomba mpaka leo ni yeye. Kwa hiyo kama kuna aliyesimamishiwa maendeleo katika habari ile, mimi namhesabu chura.

Tuje kwenye maji yako. Dodoma tunapata mvua ya milimita 570 mpaka 600 hivi kwa mwaka, zote zimebanana kati ya Desemba na Aprili. Tuko nyuma ya milima. Pepo za kutoka Bahari ya Hindi zinabeba unyevu, zinagonga Nguru, Ukaguru na Rubeho, zinalazimika kupanda, zinapoa, zinamwaga mzigo huko juu. Zikitufikia ni vumbi, unalijua. Msitu wa juu hausubiri mvua peke yake. Ukungu unapopita, majani na zile ndevu zinaukamua tone kwa tone, linashuka kwenye shina, linaingia ardhini, linatoka mbali chini kama chemchemi mwezi wa Septemba wakati kila kitu kimekauka. Sufuria yangu ya Mang'alisa ndiyo hiyo hiyo. Fyeka msitu, upande mahindi: ukungu utaendelea kupita kila jioni kama kawaida, ila hakutakuwa na kitu cha kuunasa.

Sitakudanganya kwamba maji ya bomba la Nzuguni yanatoka Ukaguru. Ya mjini kwa sehemu kubwa tunayachimba Makutupora. Lakini kitunguu ulichokula jana na nyama choma, kama kimenunuliwa soko la Majengo, usishangae kikiwa cha Lumuma, na Lumuma wanamwagilia kwa mto unaoshuka Rubeho. Chura anakaa pale pale maji yanapoanzia. Ngozi yake ndiyo pafu lake na ndiyo mdomo wake, anakunywa kwa kukaa. Siku ukungu ukipungua, yeye anakwisha kabla mkulima hajaona mfereji umepungua kina. Na huyu wetu halii, kwa hiyo usitegemee kwamba kuna usiku utasikia kimya ukashtuka.

*Mzee, kule juu kuna miteremko mikali na sijaona bwawa. Viluwiluwi wanakaa wapi? — Mwanafunzi, Ng'hong'hona, Dodoma*

Umeliona tatizo ambalo vyura wenyewe walilitatua zamani. Wengi wa huko juu wameachana na bwawa. Kuna jamii wanaoishi kwenye majani yaliyooza chini ya miti; hutaga mayai kwenye udongo wenye unyevu na mtoto hutoka ameshakuwa chura kamili, kiluwiluwi alikimalizia ndani ya yai. Mmoja wa jamii hiyo, *Arthroleptis nikeae*, aliandikwa mwaka 2003 kutoka msitu wa Mafwemiro, huko huko Rubeho. Kuna wengine, *Nectophrynoides*, ambao wanazaa. Umesoma sawasawa: wanazaa watoto wenye miguu, kama mbuzi. Yule wa Kihansi ni wa jamii hii. Jamii nzima iko Tanzania tu, na Ukaguru ina aina zake ambazo hazipo Uluguru, na Uluguru ina zake.

Sababu ni kwamba kila mlima wa Tao la Mashariki ni kisiwa. Kuanzia Taita kule Kenya mpaka Udzungwa na Mahenge, juu kuna baridi na unyevu, katikati kuna nyika kavu kama ya kwetu. Chura wa Ukaguru hawezi kukatiza Gairo mchana wa Oktoba kwenda kuposa Nguru. Angekauka kabla hajafika barabara ya lami. Wamekaa mbalimbali kwa muda mrefu mno hadi kila kundi likawa aina yake. Ndiyo maana ukipoteza msitu mmoja mdogo huwezi kusema wamebaki wengine mlima wa jirani. Hao wa jirani ni wengine.

*Ni kweli chura ndiye anayeita mvua? Wazee wetu walisema hivyo. — Chamwino*

Hewa ikianza kubeba unyevu yeye anahisi kabla yako, anaanza kelele, mvua inafuata. Wazee hawakukosea kumsikiliza. Kuhusu nani kamwita nani, mimi simo.

*Shikamoo mzee. Mimi ni mwalimu, Gairo. Nina klabu ya mazingira, wanafunzi ishirini na wawili, na mlima tunauona dirishani. Nataka niwapandishe wakamtafute huyo churamiti. Utushauri. — Mwalimu, Gairo*

Marahaba mwalimu. Wapandishe, lakini wasiwe ishirini na wawili, na wasiende kumtafuta yeye.

Kibali kwanza. Ile ni misitu ya hifadhi, uende ofisi ya misitu ya wilaya na barua ya mkuu wa shule, na upewe mtu wa kuongozana nanyi. Usipite njia za wapasua mbao hata kama ni fupi. Nazijua, baadhi nilizipita mwenyewe nikiwa nawafukuza.

Halafu viatu. Kuvu nililolitaja kwa Kihansi linasafiri kwenye tope. Siku moja kabla ya safari kila mtoto aoshe viatu, akwangue tope lote kwenye nyayo, avikaushe juani mpaka viwe vikavu kabisa. Ukienda misitu miwili, uoshe mara mbili. Nimeona wageni wasomi wanapuuza hili, na mimi mwenyewe nilikuwa natoka msitu mmoja kuingia mwingine na buti zile zile wiki nzima.

Asishikwe chura kwa mkono mkavu wala mkono wenye mafuta ya kujipaka. Kwa watoto nasema asishikwe kabisa. Wengine wana utomvu kwenye ngozi. Hauui mtu, lakini ukijifuta jicho utakumbuka. Habari ya kuota chunjua kwa kumgusa ni uongo, waambie.

Kwa nini wasimtafute yeye? Kwa sababu wataalamu wenye tochi za kichwani wamelala huko wakarudi mikono mitupu, na watoto wako watashuka wakisema mlima hauna kitu. Waambie kila mmoja achague mita moja ya mraba, akae hapo nusu saa, aandike kila kinachotikisika. Kisha washuke nao pole pole waone msitu unapoishia, misindano inapoanzia, na mashamba yanapoanzia. Wapime unyevu kwa kiganja: ushike udongo msituni, ukamue, ushike udongo wa shambani, ukamue. Nyie hapo Gairo mna bahati, darasa lote hilo mnalipata kwa mteremko mmoja.

Ukirudi niandikie. Nitakulipia nauli ya barua, kama barua bado zina nauli.

*Bwana misitu, mimi nalima vitunguu Lumuma. Juzi usiku, nikigeuza maji mferejini, nimekuta chura wa kijani juu ya jani la gugu. Ana vidole vya kunata. Nimemfungia kwenye ndoo yenye mfuniko. Ndiye yule maridadi? Nauliza pia kama kuna hela. — Mkulima, Lumuma*

Hela hakuna, ndugu yangu, na ukimuuza utapata kesi badala yake.

Si maridadi. Wa kwako anakaa bondeni, kwenye mfereji, na vidole vya kunata vinaonyesha ni wa ule ukoo mwingine nilioueleza kwa Mama Neema. Mrudishe mferejini leo jioni, jua likishazama, kabla ndoo haijamkausha. Atakulipa mwenyewe kwa kula wadudu wa kwenye vitunguu.

Lakini nimeipenda barua yako, maana watu wengi wanageuza maji miaka ishirini bila kutazama jani. Fanya hivi. Una shemeji au binamu anayelima juu, karibu na msitu? Mwambie akikuta chura asiyemfahamu, amwache alipo. Ampige picha kwa simu, mgongo na ubavu, aandike jina la kijiji, saa, na urefu kutoka ardhini mpaka kwenye jani: goti, kiuno, au juu ya kichwa. Kama analia, arekodi. Kama halii, aandike kwamba halii, nayo ni habari. Mnitumie kupitia mhariri, nami nitamfikishia kijana yule wa Mang'alisa. Sasa hivi ana mvi, na tumeshapatana.

Na aende na betri za akiba.